Ulumbi: Silaha ya Msemaji, Ngao ya Msikilizaji



Wahenga walinena kwamba maneno matamu humtoa nyoka pangoni. Methali hiyo hutumiwa mara nyingi kumsifu mwenye kusema. Ni nadra kuulizwa swali la upande wa pili: nyoka huyo alifikwa na nini alipokwisha kutoka? Swali la nyoka ndilo kiini cha mazungumzo haya.

Somo lenyewe ni ulumbi wa kale, yaani elimu ya kusema mbele ya watu kwa nia ya kuwashawishi, kama ilivyoasisiwa na Wagiriki na kuendelezwa na Warumi. Wasomi wengine huiita balagha. Kwa karne nyingi elimu hiyo ilikuwa nguzo ya masomo ya juu katika nchi zilizoizunguka bahari ya Mediterania na baadaye Ulaya nzima. Siku hizi hadhi yake imeshuka. Mtu akitaka kuidharau hotuba husema kwamba ni maneno matupu, na mjadala hukomea hapo. Dharau hiyo ina hatari zake, kwa sababu asiyejua jinsi maneno yanavyofanya kazi huongozwa na anayejua.

Chimbuko ni baraza

Elimu ya ulumbi haikuzaliwa katika majumba ya watawala wa mabavu. Ilizaliwa watawala hao walipoangushwa. Karibu mwaka 466 K.K., yaani kabla ya Kristo, watu wa Syracuse katika kisiwa cha Sicily waliwafukuza madikteta waliokuwa wamewanyang'anya mali na kuwagawia askari wa kukodiwa. Baada ya kufukuzwa kwao, wananchi walimiminika mahakamani kudai mashamba na nyumba zao. Mapokeo yanasema kwamba ni katika mashauri hayo ndipo Corax na mwenzake Tisias walipoanza kuandika kanuni za kupanga maneno, ili mtu wa kawaida asimame mbele ya mahakama na kueleza dai lake likaeleweka.

Kutoka Sicily elimu hiyo ilivuka bahari hadi Athens, na huko ikapata udongo wenye rutuba. Raia wanaume wa Athens walikuwa na haki ya kuhudhuria baraza kuu lililokutana juu ya kilima cha Pnyx. Baraza hilo ndilo lililoamua vita na amani, kodi na sheria. Mahakamani waliketi raia 201, au 501, au zaidi, waliopatikana kwa kupiga bahati. Mwenye shauri alitakiwa kujisemea mwenyewe, na muda wake ulipimwa kwa chombo cha kudondosha maji. Asiyejua kusema aliweza kupoteza shamba, uraia, au roho yake.

Demokrasia hiyo ilikuwa na ufa mkubwa. Wanawake, watumwa na wageni hawakuwa na sauti barazani. Lysias, mmoja wa waandishi mashuhuri wa hotuba, alikuwa mtoto wa mgeni kutoka Syracuse. Kwa hiyo alipata riziki yake kwa kuwaandikia raia maneno ambayo wao waliyakariri na kuyasema mahakamani. Aidha, walimu walioitwa Wasofisti walitoza ada kubwa. Elimu iliyozaliwa ili mnyang'anywa apate kudai chake ilianza kununuliwa na wenye fedha. Doa hilo limeufuata ulumbi hadi leo.

Siku mbili za Athens

Mwaka 427 K.K. unafaa kukumbukwa kuliko mingine yote. Katika mwaka huo Gorgias, mlumbi kutoka Leontini huko Sicily, alifika Athens kama balozi wa mji wake na kuwastaajabisha watu kwa hotuba zake. Mwandishi huyo aliyalinganisha maneno na dawa: yapo yanayoponya, na yapo yanayolewesha na kuiroga nafsi. Mwaka huo huo, watu wa Athens walionja dawa ya aina zote mbili kwa muda wa siku mbili tu.

Mji wa Mytilene katika kisiwa cha Lesbos ulikuwa umeasi dhidi ya Athens na kisha kushindwa. Baraza la Athens lilikutana likiwa na hasira kali. Kwa pendekezo la Cleon, liliamua kwamba wanaume wote wazima wa Mytilene wauawe, na wanawake na watoto wafanywe watumwa. Meli ilitumwa mara moja kumpelekea amri hiyo jemadari Paches. Usiku ulipopita, watu walianza kujuta. Waliona ni ukatili kuuangamiza mji mzima badala ya kuwaadhibu wenye hatia peke yao. Baraza likaitishwa tena.

Mwanahistoria Thucydides ameyahifadhi mabishano ya siku hiyo, ingawa alikiri kwamba hotuba katika kitabu chake hazikuandikwa neno kwa neno. Cleon alisimama na kuwashambulia wasikilizaji wenyewe. Aliwalaumu kwamba wamekuwa watazamaji wa hotuba, watu wanaokwenda barazani kustarehe kwa kusikia maneno mapya kana kwamba wako kwenye tamasha. Lawama hiyo ilikuwa na ukweli ndani yake. Lakini tazameni jinsi mlumbi alivyoutumia ukweli huo: aliwakanya watu wasidanganywe na wenye maneno matamu, hali yeye mwenyewe, kwa maneno makali, alikuwa akiichochea hasira yao isipoe.

Aliyemjibu alikuwa Diodotus, mtu ambaye historia haimtaji tena mahali pengine popote. Diodotus hakuomba huruma. Alijua kwamba mbele ya watu wenye hasira, mwenye kuomba huruma kwa ajili ya adui huonekana msaliti. Aliuliza swali moja: uamuzi upi una faida kwa Athens? Iwapo waasi wanaosalimu amri watauawa sawasawa na wanaopigana hadi mwisho, ni mji gani utakaosalimu amri siku za mbele? Na iwapo watu wa chini watauawa pamoja na wakubwa waliowaingiza vitani, ni nani atakayekuwa rafiki wa Athens ndani ya miji mingine?

Mikono ilipohesabiwa, kura zilikaribia kulingana, lakini upande wa Diodotus ulishinda. Meli ya pili iliondoka ikiwa nyuma ya ile ya kwanza kwa takriban siku moja na usiku wake. Wajumbe wa Mytilene waliokuwa Athens waliwapa wapiga makasia divai na unga wa shayiri na kuwaahidi zawadi kubwa. Mabaharia walikula huku wakipiga makasia, na kulala kwa zamu. Ile ya kwanza ilikwenda polepole, kwa kuwa ilibeba habari mbaya. Meli ya pili ilitia nanga Paches akiwa amekwisha kuisoma amri na yuko tayari kuitekeleza.

Mji ukaokoka. Waliohesabiwa kuwa vinara wa uasi waliuawa hata hivyo, na Thucydides anasema walizidi 1,000. Kwa hiyo kisa hiki si ngano ya wema ulioshinda uovu. Funzo lake ni jingine. Watu walewale, katika baraza lilelile, walifanya maamuzi mawili yanayopingana katika muda wa siku mbili. Kilichowaokoa na aibu kubwa zaidi ni kwamba palikuwa na siku ya pili, palikuwa na mtu aliyejua kupanga hoja, na palikuwa na wasikilizaji waliokubali kupima upya walichokwisha kuamua.

Mwalimu ashitaki, mwanafunzi atetea

Si kila mwenye hekima aliupenda ulumbi. Plato, ambaye mwalimu wake Socrates alihukumiwa kifo na mahakama ya raia mwaka 399 K.K., aliushitaki vikali. Katika kitabu alichokipa jina la Gorgias, aliufananisha na upishi unaojifanya tiba. Alitoa mfano wa daktari anayeshitakiwa na mpishi mbele ya mahakama ya watoto. Mpishi atawaambia watoto kwamba daktari huwapa dawa chungu na kuwanyima chakula kitamu. Daktari atajiteteaje, na watoto watamhukumu vipi? Mtumishi yeyote aliyewahi kuwaeleza watu jambo chungu lenye manufaa anaufahamu mfano huo pasipo kufafanuliwa.

Aristotle, mwanafunzi wa Plato, alikubali kwamba chombo hicho kinaweza kutumiwa vibaya, lakini hakuona sababu ya kukitupa. Nguvu, afya, mali na uongozi wa jeshi pia huweza kutumiwa vibaya. Alieleza kwamba ni ajabu mtu aone aibu kwa kushindwa kujitetea kwa mikono yake, asione aibu kwa kushindwa kujitetea kwa maneno, ilhali maneno ndiyo yanayompambanua mwanadamu. Kwake ulumbi ulikuwa uwezo wa kuona, katika kila jambo, njia zilizopo za kushawishi. Njia hizo alizigawa katika mafungu matatu: tabia ya msemaji inayomfanya aaminiwe, hisia zinazoamshwa ndani ya wasikilizaji, na hoja zenyewe.

Wengi wameyakariri mafungu hayo bila kukifungua kitabu. Sehemu yake ya pili ina uchunguzi wa kina wa hasira, hofu, aibu, huruma na husuda. Aristotle aliuliza kila hisia humpata mtu wa hali gani, humlenga nani, na kwa sababu ipi. Hasira, kwa mfano, huzaliwa mtu anapojiona amedharauliwa na asiyestahili kumdharau. Anayelijua hilo anaweza kuwasha hasira ya umati. Lakini anayelijua hilo akiwa ndani ya umati anaweza pia kujiuliza: ni kweli nimedharauliwa, au kuna mtu anayetaka nijione hivyo?

Roma: ulimi na daftari

Warumi waliupokea ulumbi kutoka kwa Wagiriki na kuufanya somo lenye mpangilio kamili. Kazi ya mlumbi waliigawa katika hatua tano: kutafuta hoja, kuzipanga, kuzivika lugha inayofaa, kuzihifadhi kichwani, na kuzitoa kwa sauti na ishara. Yafaa kuangaliwa kwamba madoido ya lugha ni hatua ya tatu. Anayeanzia hapo amejenga paa kabla ya kuta.

Mwaka 92 K.K. lilitokea jambo litakalowagusa walimu. Wakuu wawili wa Roma, Lucius Licinius Crassus na Gnaeus Domitius Ahenobarbus, walitoa tangazo la kuzikemea shule mpya zilizofundisha ulumbi kwa Kilatini, lugha ya wananchi wenyewe. Shule zilizofundisha kwa Kigiriki, lugha iliyojulikana zaidi na watoto wa wakubwa, hazikuguswa. Crassus alidai baadaye kwamba walimu wale hawakuwa na elimu ya kutosha. Wapo wanahistoria wanaoona sababu nyingine: kwamba wakubwa waliogopa silaha hiyo isienee mikononi mwa watu wengi. Vyovyote ilivyokuwa, suala la lugha ya kufundishia halikuanza jana wala juzi.

Kijana mmoja wa zama hizo aliyetamani kuingia katika shule ya Kilatini na kuzuiwa na wakubwa wake ni Cicero. Mwaka 70 K.K. alimshitaki Verres, aliyekuwa gavana wa Sicily na ambaye aliwapora wenyeji nafaka, fedha na sanamu za mahekalu yao. Watetezi wa Verres walipanga kuliburuza shauri hilo hadi mwaka ufuatao, ambapo marafiki zake wangekuwa wameshika madaraka. Cicero alikwenda Sicily na kukusanya ushahidi kwa siku 50. Mahakamani aliiacha hotuba ndefu iliyotazamiwa, akasema kwa ufupi, kisha akawaita mashahidi mmoja baada ya mwingine. Verres aliondoka Roma kabla ya hukumu.

Katika ushahidi huo mna jambo dogo litakalowapendeza makarani. Katika madaftari ya kampuni ya watoza ushuru huko Syracuse, Cicero aliona jina la mtu aitwaye Verrucius, mwenye hesabu kubwa ambaye hakuna aliyemfahamu. Alipotazama kwa makini aligundua kwamba herufi za mwanzo za jina hilo ni safi, lakini za mwisho zimeandikwa juu ya mahali palipokwanguliwa. Mtu huyo hakuwapo duniani, alikuwa Verres. Hivyo hotuba iliyosifiwa kwa karne nyingi ilisimama juu ya daftari lililosomwa vizuri.

Baraza lilipokufa

Mwaka 43 K.K. Cicero aliuawa kwa amri ya watawala watatu walioigawana dola. Mmoja wao, Mark Antony, ndiye Cicero aliyemshambulia katika hotuba zake za mwisho. Kichwa na mkono wa mlumbi huyo vilitundikwa kwenye jukwaa lilelile alilozoea kuhutubia. Haikuhitajika ishara nyingine kuonyesha kwamba zama za baraza zimekwisha.

Ulumbi haukufa pamoja naye, ulinawiri shuleni. Mfalme Vespasian aliwalipa walimu wa ulumbi kutoka hazina ya dola. Mmoja wao, Quintilian, mzaliwa wa Hispania, aliandika vitabu 12 juu ya malezi ya mlumbi tangu utotoni. Alipinga wanafunzi kuchapwa viboko, akisema kwamba mtoto asiyerekebishika kwa maneno huwa sugu hata kwa fimbo, na kwamba pale mwalimu anapofuatilia kazi kwa makini fimbo haihitajiki. Alishikilia pia kwamba mlumbi kamili sharti awe mtu mwema.

Lakini maamuzi makubwa yalikuwa yamehamia kwa mtu mmoja. Wanafunzi walizoezwa kubishana juu ya maharamia na wauaji wa madikteta wa kubuni, mambo ambayo hawangekutana nayo katika maisha. Mwandishi Tacitus alilijadili swali hilo katika kitabu kizima: kwa nini ufasaha mkuu umetoweka? Jibu moja lililotolewa humo ni kwamba ufasaha ule ulilelewa na mabishano ya umma, na mabishano yalipokoma ukabaki mapambo.

Aliyeuona ubovu huo kutoka ndani alikuwa Mwafrika. Augustino alizaliwa mwaka 354 huko Thagaste, katika nchi ambayo leo ni Algeria. Alifundisha ulumbi Carthage na Roma, na mwaka 384 akapata kazi ya heshima Milan, palipokuwa na makao ya mfalme. Katika kitabu cha maungamo yake alieleza alivyojitayarisha kumsifu mfalme kwa uongo mwingi, huku akijua kwamba atakaoshangiliwa nao wanajua kuwa anasema uongo. Aliiacha kazi hiyo mwaka 386. Hata hivyo, uzeeni alipoandika juu ya mafundisho ya dini yake, hakusema kwamba ulumbi utupwe. Aliuliza kwa nini wenye uongo waruhusiwe kusema kwa ufupi, kwa uwazi na kwa mvuto, na wenye kweli waiseme kwa namna ya kuchosha hadi isiaminiwe. Swali hilo bado linasubiri jibu katika ofisi nyingi.

Urithi uliofika karibu

Kitabu cha Aristotle hakikubaki Ulaya. Kilitafsiriwa kwa Kiarabu, na wanafalsafa Al-Farabi, Ibn Sina na Ibn Rushd wakakifafanua. Kando yake Waarabu walikuwa na elimu yao wenyewe ya balagha na fasaha. Kiswahili kinaposema hotuba, hatibu, balagha na ufasaha, kinatumia maneno ya mto huo wa pili, ambao nao ulipokea maji kutoka kwa Wagiriki.

Njia nyingine ya kuufikia urithi huo ilifunguliwa na Mwalimu Julius Nyerere, alipotafsiri tamthilia ya Shakespeare kuhusu Julius Caesar na kuichapisha mwaka 1963. Shule za Uingereza za karne ya 16 zilifundisha ulumbi wa Kirumi, na tamthilia hiyo ni tunda lake. Brutus anawaeleza wananchi kwa nini Caesar ameuawa, nao wanaridhika. Kisha anapanda Antony, yuleyule wa historia. Anajifanya hakuja kusifu, anauonyesha mwili wenye majeraha, anautaja wasia na kukataa kuusoma mpaka aombwe. Punde umati unakimbia kuchoma nyumba. Mwalimu akiwasomesha wanafunzi sehemu hiyo asiwaulize tu nani alisema vizuri. Awaulize ni lini hasa wananchi wale waliacha kufikiri.

Katika karne ya 20 swali hilo lilipata uzito wa kutisha. Mwaka 1939 mhakiki wa Marekani Kenneth Burke alikichambua kitabu cha Hitler kwa mizani ya ulumbi, akionya kwamba kukikejeli hakutoshi; ni lazima watu waelewe kilivyowavuta mamilioni, ili hila hiyo itambuliwe ikizuka kwingine.

Wajibu wa leo

Mwalimu wa Kiswahili anayewapa wanafunzi methali waitungie insha, au anayewagawa katika pande mbili za mdahalo, anaendeleza mazoezi waliyofanya vijana wa zama za kale. Katika karne ya 4 Aphthonius wa Antioch aliyapanga mazoezi 14 ya namna hiyo, kuanzia kusimulia ngano na kufafanua methali hadi kuitetea au kuipinga sheria. Kinachofaa kuongezwa ni zoezi moja: mwanafunzi aliyetetea upande mmoja leo, kesho atetee ule wa pili. Atajifunza kwamba mpinzani wake naye ana akili.

Mtumishi wa umma naye ana baraza lake: mkutano wa kijiji, waraka, dirisha la ofisi. Asemapo, akumbuke kwamba hoja hutangulia madoido, na kwamba daftari la Syracuse lilisema zaidi ya sauti. Asikilizapo, ajiulize maswali matatu ya Aristotle: huyu anayesema ni nani, na kwa nini aaminiwe? Ni hisia gani anayoiamsha, na kwa faida ya nani? Mwisho, maneno yake yakivuliwa mapambo, hoja inayobaki ni ipi?

Umma unaojiuliza hayo hauwezi kutolewa pangoni na kila mwenye maneno matamu. Utatoka kwa hiari yake, ukijua uendako.